Tayabak hapa Mombasa: majani manjano, vitumba vinadondoka kabla ya kuchanua

asumini_na_mkadi

Asalaam aleikum wanabustani. Nauliza kuhusu tayabak, Strongylodon macrobotrys, ule mmea wa kutambaa wa Ufilipino, jamii ya kunde, wenye mashada marefu ya rangi ya feruzi. Uko Bamburi, mita 400 hivi kutoka baharini, umepandwa ardhini kando ya ukuta wa mawe ya matumbawe. Una miaka minne, shina la chini ni nene kama kidole gumba, na umekwishafunika kichanja cha mabomba chenye kimo cha mita 2.2.

Majani machanga yanakuwa manjano, mishipa tu ndiyo inabaki kijani. Ya zamani ni ya kijani ila ncha zimeungua. Kaskazi ilipoanza ulitoa mashada mawili. Vitumba vilipofika ukubwa wa punje ya mahindi vikadondoka vyote, ukabaki uzi mtupu. Maji ni ya kisima. Mbolea ni samadi ya ng'ombe, debe moja kila mwezi. Hupogolewa kila miezi mitatu usije ukaziba dirisha.

Watu wanasema hali ya hewa ya Mombasa haiufai. Ni kweli? Na nikitaka mbegu nifanyeje?

---

Kichanja

Waaleikum salaam, Bi Asumini.

Hali ya hewa msiisingizie. Kwao tayabak ni misitu ya mvua ya Luzon, Mindoro na Catanduanes, kwenye mabonde yenye vijito. Unachokichukia ni baridi ya chini ya nyuzi 15, na hapa hata usiku wa Julai hatufiki huko. Joto unalo, unyevu wa hewa unao. Usichokuwa nacho ni udongo. Kule mizizi imo ndani ya mboji ya msituni, yenye uchachu kidogo. Wako umekalia matumbawe, yaani chokaa.

Jani changa la manjano lenye mishipa ya kijani ni njaa ya madini ya chuma. Chuma chenyewe kimo udongoni, ila pH (kipimo cha uchachu; 7 ni katikati, juu yake uchachu haupo) ikipita 7.5 kinajifunga na mzizi hauwezi kukinyonya. Tena chuma hakihami ndani ya mmea, kikishaingia jani la zamani hakitoki, ndiyo maana majani mapya huumia kwanza. Ingekuwa magnesi, yangeanza ya zamani, na dawa yake ingekuwa chumvi ya haluli. Usiimwage haluli hapo kwa kubahatisha, utaongeza chumvi bure. (Na usiogope jani la tayabak likizaliwa rangi ya shaba iliyoingia zambarau, tena limelegea. Huo ndio utoto wake. Hesabu ugonjwa pale tu likishanyooka na kukomaa bila kupata kijani.)

Pima kabla hujanunua kitu. Chimba sentimita 20 karibu na mizizi, chukua kijiko cha udongo, ukaushe, uutilie siki nyeupe. Ukitoa povu kwa nguvu, chokaa ni nyingi, na hapo usipoteze pesa kwa unga wa salfa: kila uchachu utakaoutia utaliwa na chokaa, na chokaa itabaki.

Dukani utaonyeshwa chuma cha namna namna. Salfeti ya chuma kwenye udongo wa chokaa hujifunga muda si mrefu. Kilichoandikwa EDTA huachia chuma pH ikipita 6.5 hivi. Kinachokufaa ni kilichoandikwa EDDHA. Hicho hustahimili chokaa. Lowesha udongo kwanza, kisha yeyusha gramu 15 katika lita 10 za maji, umwagie duara lote la mizizi, sio shinani peke yake. Maji yatakuwa rangi ya damu ya mzee, na yakigusa saruji au vigae hayatoki, kwa hiyo uwe mwangalifu na ukuta. Mwaga jioni, kwa sababu jua hukiharibu, na usikinyunyize majanini. Majani mapya yataanza kutoka kijani baada ya wiki mbili hadi nne. Rudia baada ya wiki sita ukiona manjano yanarejea. Ukikuta pakiti yenye maelekezo tofauti na haya, fuata pakiti, maana nguvu hutofautiana.

Na samadi simamisha. Debe kila mwezi ni nyingi mno. Naitrojeni yake inaleta majani tu, fosforasi ikizidi inazidisha hiyo hiyo njaa ya chuma, na samadi ya ng'ombe ina chumvi zake. Mboji ya majani iliyooza vizuri, sentimita 5 juu ya udongo, mara mbili kwa mwaka, yatosha.

---

MjombaMkilifi

Kwenye chuma niko na Kichanja. Ila ncha zilizoungua ni jambo lingine: hiyo ni chumvi ya maji. Mmea unavuta maji, maji yanatoka majanini kama mvuke, chumvi inabaki na kujikusanya mwisho wa njia, ambao ni ncha ya jani. Kiangazi kinapokaza na kisima kinapungua, chumvi inazidi, na wewe ndipo unapozidisha kumwagilia.

Tafuta mita ya EC, ni kijiti kidogo cha betri kinachopima chumvi iliyoyeyuka majini, uitumbukize kwenye maji ya kisima. Chini ya 0.7 mS/cm huna wasiwasi. Kati ya 0.7 na 3 mimea mingi inalalamika kwa kadiri yake. Zaidi ya 3 usimpe mmea wa msituni. Dawa ni mvua: milimita moja juu ya mita moja ya mraba ya paa ni lita moja. Paa la mita 40 za mraba, mvua ya milimita 25, ni lita 1,000 ukiacha zinazopotea. Masika moja inajaza tangi lako. Mvua ya kwanza baada ya kiangazi iache ipite, imeosha vumbi na chumvi ya bahari iliyolala juu ya mabati. Maji ya tangi yasipotosha, changanya nusu kwa nusu na ya kisima. Na kila ukimwagilia, mwagilia kwa wingi hadi maji yapenye chini. Ukimwagia kidogo kidogo kila siku, chumvi haioshwi, inapangwa tu juu ya mizizi.

Sasa vitumba. Shada la tayabak huchukua wiki kadhaa tangu lichomoze mpaka lichanue. Mizizi ikipigwa na ukavu katikati ya safari hiyo, mmea unaanza kwa kukata vitumba, kwa sababu ndivyo vinavyokula bila kuzalisha. Wako ulitoa mashada kaskazi inaanza: upepo mkavu, mvua hakuna, maji ya chumvi. Usingeweza kubeba. Wakati wa mashada udongo usikauke kabisa wala usituame. Tia kidole mpaka kifundo cha pili, ukikuta pakavu, mwagilia. Matandazo ya majani makavu, sentimita 8, yaache nafasi ya kiganja kuzunguka shina lisije likaoza.

Kagua pia kwenye makwapa ya shada, pale kikonyo cha kila kitumba kinapokutana na uzi. Ukiona pamba nyeupe na sisimizi wanapanda na kushuka, ni vidung'ata. Wananyonya vikonyo mpaka vinaachia. Pangusa kwa maji ya nguvu, kisha mafuta ya mkilifi (mwarobaini) mililita 5 na sabuni ya maji mililita 2 kwa kila lita, jioni, baada ya siku saba urudie. Sisimizi wazuie kwa kufunga utepe wenye grisi kwenye nguzo, juu ya karatasi, grisi isiguse gome. Wao ndio walinzi wa vidung'ata, ukiwaacha umefanya kazi bure.

Kuhusu kupogoa, Bi Asumini, maua yako yote yameishia jalalani. Mashada hutoka kwenye matawi yaliyokomaa, sio kwenye machipukizi. Kila miezi mitatu mtu wako anaondoa matawi yaliyokuwa yanajiandaa. Pogoa mara moja, maua yakishakwisha: ondoa yaliyokauka, yaliyosongamana, na machipukizi mabichi yanayoelekea dirishani. Tawi nene la kahawia liache hata kama limekaa vibaya. Likikusumbua lifunge uligeuze njia, usilikate.

Kichanja chako cha mabomba nacho ni kifupi. Kule kwao shada hufika hata mita 3. La kupandwa mara nyingi halipiti mita moja, lakini hata hilo kwenye kimo cha 2.2 litapigwa na vichwa vya watu. Inua hadi mita 3, bomba nene, maana mmea huu ukikomaa ni mzito mno. Kamba ya katani haitafika mwaka wa pili.

---

asumini_na_mkadi

Shukran nyingi. Nimepima. Siki imechemka kama soda iliyotikiswa. EC ya kisima ni 2.3. Na vidung'ata wapo, kwenye nyuzi zile zile zilizobaki. Swali: niung'oe niuhamishe, au nitie chuma cha EDDHA maisha yote?

---

Kichanja

Usiung'oe. Tayabak hapendi kuguswa mizizi, na wa miaka minne uliojishika kwenye matumbawe utatoka na nusu ya mizizi, kisha ufe taratibu mbele yako. Chuma endelea nacho, lakini kiwe cha kununua muda wakati unatengeneza mmea mwingine kutokana na huo huo.

Toa mizizi kwenye tawi likiwa bado juu. Chagua tawi lenye unene kati ya penseli na kidole gumba, lisilo bichi sana, gome limeanza kuwa kahawia. Chini kidogo ya kifundo, ondoa gome kwa duara, upana wa sentimita 3, kisha kwangua ule utelezi wa kijani mpaka uguse mti mweupe. Hapa ndipo wengi huharibu: wakiacha uzi mmoja wa utelezi, gome linajiunga tena na mizizi haitoki. Chukua vumbi la makumbi lililoloweshwa, likamue mpaka lisidondoshe tone, uweke ngumi mbili kuzunguka jeraha, ufunge na plastiki pande zote mbili, imara, kisha uzungushe karatasi ya alumini jua lisiipike mizizi. Wiki 6 hadi 10. Usikate kwa kuona mizizi miwili mieupe. Ngoja ijae, ianze kugawanyika na kubadilika rangi. Ukishakata, punguza majani nusu, uweke kivulini kwa wiki tatu.

Faida yake ni kwamba tawi hili tayari ni la mmea mkomavu. Mche wa mbegu mara nyingi hukuweka miaka miwili hadi mitano bila ua.

Makumbi yenyewe yaoshe. Huku kwetu mengi yamefukiwa kwenye maji ya bahari kabla ya kupigwa, yamejaa chumvi. Loweka kwenye maji ya mvua, mwaga, rudia mara tatu, na mita ya EC unayo, pima maji ya mwisho.

Kisha jenga kitanda kilichoinuka, mita moja kwa moja, kimo sentimita 60, upande wa nyumba usiopigwa na upepo wa kusi. Kama utajenga kwa matofali ya saruji au ya matumbawe, pande za ndani zivike plastiki nene, kwa kuwa saruji nayo inatoa chokaa. Chini usizibe, tandika kokoto zisizo za matumbawe, maji yapate pa kutokea. Jaza mboji ya majani sehemu mbili, udongo mwekundu sehemu moja, makumbi yaliyooshwa sehemu moja, mchanga wa mto sehemu moja. Mchanga wa pwani hata ukiuosha ni vipande vya kombe, ni chokaa ile ile. Udongo mwekundu nao upime kwa siki kabla ya kulipa lori. Lenga pH 6 hadi 6.5.

---

Popo_wa_Mbuyuni

Swali la mbegu limesahauliwa. Ua la tayabak limetengenezewa popo. Kule Ufilipino popo hujining'iniza kwenye shada, akaingiza uso kufuata utamu, na ncha ya ua iliyofungwa kama kucha inafunguka na kumpaka mbelewele kichwani. Ndiyo sababu ua lina kikonyo kigumu na shada linaning'inia mbali na majani. Popo wetu ndio wanaochavusha mibuyu, kwa hiyo usiwafukuze, lakini kama unataka mbegu kwa hakika, fanya kwa mkono. Bustani ya Kew, London, imepata mbegu kwa njia hiyo tangu 1995.

Fanya jioni, kwenye ua lililofunguka siku hiyo. Shika ua kwa vidole viwili, bonyeza taratibu petali za chini kuelekea kikonyoni. Ncha itaachia, na utaona fungu la nyuzi za kiume zenye unga, katikati yake uzi mmoja uliotokeza kidogo: huo ndio wa kike. Chukua unga kwa brashi laini kutoka ua la mmea mwingine, ikiwezekana mmea usiotoka tawi moja na wako, uusugue kwenye ncha ya uzi wa kike. Nasema usugue, usiguse tu. Kwa mimea mingi ya jamii ya kunde kuna ngozi nyembamba hapo ambayo lazima ipasuke ndipo mbelewele ishike. Ukitia nguvu nyingi utaukata uzi wote, basi.

Chagua maua kumi hivi ya sehemu ya juu ya shada, karibu na tawi, kwani chakula hufika huko kwanza. Mengi yatadondoka. Yakishika mawili, moja liondoe: ganda ni nene, hufika sentimita 15, na linaweza kuwa na mbegu hadi 12. Mmea mdogo ukiubebesha maganda matatu, msimu ujao hakuna maua. Ganda lifunge kwa kitambaa kwenye bomba, usiuachie uzi wa shada ulibebe peke yake.

Mbegu panda siku ile ile unayopasua ganda. Hazikai. Zikikauka zimekufa, na hata zikihifadhiwa vizuri wiki mbili ni nyingi. Zilaze juu ya makumbi yenye unyevu, nusu ionekane, kivulini. Nzima huota kwa siku kumi hivi. Kila mbegu kwenye mkebe wake mrefu tangu mwanzo, ili usije ukaivuruga mizizi.

---

nyali_kijani

Mimi langu ni fupi: maua yakianguka hugeuka zambarau. Je, ni udongo? Nitie kitu kurudisha feruzi?

---

Kichanja

Hapana, nyali_kijani, ni ua linalozeeka. Feruzi ile hutokana na rangi mbili zinazoshikana, malvin na saponarin, malvin moja kwa saponarin tisa hivi, ndani ya seli za ngozi ya ua ambazo utomvu wake una pH 7.9. Seli zikifa mpangilio huo unavunjika, rangi inahama. pH hiyo ni ya ndani ya ua na mmea unajipangia wenyewe, haitoki udongoni. Usimwage chokaa ukidhani utaongeza ubuluu, tafadhali.

---

MjombaMkilifi

Na kwa wanaosoma tu wakitamani kununua: mbegu "za tayabak" za pakiti, kavu, zilizotumwa kwa posta kutoka mbali, ama zimekufa ama ni kunde nyingine kabisa. Picha yenye mashada ya buluu iliyokolea kama wino ni ya kutengenezwa kwa kompyuta. Ukiuziwa mche, tazama jani: kikonyo kimoja, vijani vitatu, cha katikati ni kikubwa kuliko vya pembeni. Mche ukiwa na majani ya moja moja yanayokabiliana pande mbili za shina, huo sio. Ukiwa na vijani vitatu bado usikate shauri, maana Mucuna bennettii wa Papua, mwenye maua mekundu, hukaribiana nao ukiwa mche. Muulize muuzaji ameutoa kwa mmea gani, na akuonyeshe ukiwa na maua.

Ukitaka kuagiza nje, kibali cha KEPHIS (shirika la Kenya la ukaguzi wa afya ya mimea) kwanza, kabla mche haujaondoka kule, pamoja na cheti cha afya ya mimea cha nchi unakotoka. Na uliza kama umetoka kitaluni. Misitu yake inakatwa, na unaochimbuliwa porini kwa kawaida haufiki hai, kwa sababu ile ile ya mizizi.

---

asumini_na_mkadi

Nimewaelewa wote, Mola awalipe. La mwisho: upande wa ukuta unaotazama bahari unabaki wazi. Na jirani ana mwani mwingi wa bure, niutumie kama mbolea ya kitanda kipya?

---

Kichanja

Mwani ni mzuri, chumvi yake siyo. Utandaze juani mvua ya masika iupige mara kadhaa, kisha uuozeshe na majani makavu, sehemu moja ya mwani kwa tano za majani, miezi minne hivi. Pima EC ya maji yanayochuruzika kabla ya kuutia kitandani. Ikipita 1, upe minazi.

Upande wa bahari usimpeleke tayabak. Panda Canavalia rosea, ile kunde ya ufukweni inayotambaa mchangani yenyewe, maua ya waridi iliyoingia zambarau. Ni jamii moja na tayabak, na chumvi ndiyo nyumbani kwake. Chukua mbegu zake kavu kutoka kwenye maganda ya kahawia, zikwaruze kwa msasa upande mmoja mpaka uone weupe, uloweke usiku mmoja, upande zilizovimba. Zisizovimba zikwaruze tena. Usizitie mbolea yoyote.